TAHADHARI: Muuzaji wa kaseti bandia za Blast Corps anayezitangaza kuwa halisi

Ndugu wapenzi wa michezo ya Nintendo 64, ninaandika kuwatahadharisha juu ya muuzaji anayetangaza kaseti za mchezo wa Blast Corps katika masoko ya mtandaoni ya bidhaa zilizotumika hapa Uingereza. Anadai kwamba ni kaseti halisi za mwaka 1997 zilizotunzwa kabatini tangu enzi hizo, ilhali anachowatumia wanunuzi ni nakala za kughushi zilizotengenezwa miaka ya karibuni. Kazi yangu ni kutengeneza mashine za michezo, na kaseti zake zimenifikia kupitia wateja wasiofahamiana, kila mmoja akidhani kwamba mashine yake ndiyo mbovu. Nimezifungua mwenyewe na kuona kilichomo ndani.

Jina analolitumia sitalitaja, kwa sababu ameshalibadilisha angalau mara moja, na mtu anayejihadhari na jina moja tu atamwamini kwa urahisi atakapokuja na jingine. Ni afadhali mmtambue kwa mwenendo wake, ambao haubadiliki.

Tangazo lake huwa na picha nzuri mno ya kaseti ya kijivu, iliyopigwa kwenye mwanga wa kutosha, na mkwaruzo mdogo pembeni mwa lebo. Picha hiyo ni ya kaseti halisi ya mtu mwingine, na kaseti zinazowafikia wanunuzi hazina mkwaruzo huo. Bei yake iko chini kidogo ya ile inayotozwa na wengine, wala si chini kiasi cha kumtia mtu shaka. Kisha anaandika kwamba ni ya mwisho aliyo nayo na kwamba watu wengi wameiulizia, ili mnunuzi alipe kabla hajafikiri. Maneno hayo hayana msingi. Blast Corps iliuzwa nakala zipatazo milioni moja, na kaseti halisi bado zinapatikana kwa mtu mwenye subira. Hakuna sababu yoyote ya kuinunua usiku wa manane kwa kuhofia kwamba kesho haitakuwapo.

Katika tangazo jingine alidai kwamba kaseti yake ni toleo la Japani, huku lebo iliyoonekana pichani ikiwa na jina Blast Corps. Hilo peke yake lilitosha kumfichua, kwa kuwa nchini Japani mchezo huu ulitoka Machi 1997 kwa jina la Blastdozer, na kaseti ya Kijapani ina lebo yake na ganda lenye umbo tofauti kwa nyuma, ndiyo maana haiingii katika mashine ya Marekani bila kulazimishwa. Mtu anayedai kuwa ameitunza kaseti kwa zaidi ya miaka ishirini angepaswa kujua imetoka nchi gani.

Mkishaanza kuandikiana, atakuomba mtoke nje ya mfumo wa malipo wa soko. Atakuambia kwamba soko linamkata ada kubwa na kwamba atakupunguzia bei endapo utamtumia fedha kwa ile njia ya kutumiana kati ya ndugu na marafiki. Njia hiyo haina ulinzi wowote kwa mnunuzi. Fedha ikishatoka imetoka, na soko halitakusikiliza kwa sababu katika kumbukumbu zake hapakuwa na mauzo. Kama hamtakumbuka jambo jingine lolote katika andiko hili, tafadhali likumbukeni hili.

Naomba sasa nieleze kwa nini nakala hizi ni hasara hata kwa mtu anayesema kwamba yeye hajali uhalisi na anataka kucheza tu, maana nimeulizwa hivyo na zaidi ya mteja mmoja, nao ni watu wenye akili zao.

Blast Corps ilitengenezwa na kampuni ya Rare ya hapa Uingereza, na ikachapishwa na Nintendo. Lori lililobeba makombora ya nyuklia linakwenda lenyewe katika mstari ulionyooka, haliwezi kusimamishwa, na likigusa chochote linalipuka. Wewe ndiwe unayetangulia mbele yake kubomoa nyumba, maghala na minara iliyo njiani. Kwa tingatinga linaloitwa Ramdozer kazi ni nyepesi, kwani unakwenda moja kwa moja na jengo linaanguka. Ugumu huanza unapokabidhiwa tipa linaloitwa Backlash, ambalo nguvu yake iko nyuma, hivi kwamba inakubidi ulikimbize, ulizungushe kwa ghafla na uliache lipige jengo kwa mkia wake huku likiteleza. Sideswipe hubomoa kwa mikono inayochomoza ubavuni, Ballista ni pikipiki yenye makombora ya kuhesabu, na J-Bomb ni roboti linaloruka juu na kujiachilia liyaangukie mapaa. Mara nyingi chombo unachokihitaji kiko ng'ambo ya pili, na inakulazimu ufikiri kwanza namna ya kukifikia, au namna ya kusukuma kifaa hadi kwenye shimo ili lori lipate pa kupita, na wakati wote huo lori linakuja.

Lakini kulipitisha lori ni mwanzo tu. Hatari ikishapita unaruhusiwa kurudi mahali palepale bila haraka, ubomoe yaliyobaki, uwaokoe watu waliokwama ndani ya majengo, uwashe taa zote za mionzi zilizotawanyika na uwatafute wanasayansi waliofichika. Kila hatua ina medali zake, na mwenye bidii akizipata zote za dhahabu hufunguliwa mlango wa kutafuta za platinamu, ambazo zinadai muda mkali kiasi kwamba sekunde moja ni kitu kikubwa. Ni mchezo wa wiki na miezi. Ukichukua kaseti isiyokumbuka ulichokifanya jana, umechukua nusu ya mchezo, na tena nusu iliyo ndogo.

Hapo ndipo nakala za muuzaji huyu zinapoharibikia. Zinawaka vizuri, picha inatoka, sauti inatoka, na mnunuzi akijaribu kwa nusu saa ataridhika na kumpa muuzaji alama njema. Baada ya siku chache anawasha mashine na kukuta medali zote zimefutika. Nyingine huhifadhi kwa muda, kisha hupoteza kila kitu kaseti inapokaa bila kutumiwa. Mnunuzi akimrudia muuzaji, jibu analopewa ni hili: kaseti ni ya zamani, betri yake ya ndani imeisha, na hilo ni jambo la kawaida kwa vitu vya umri huo.

Jibu hilo ni uongo, na ninataka kila anayesoma hapa aweze kulikataa papo hapo. Ni kweli kwamba baadhi ya kaseti za Nintendo 64 zina betri. Blast Corps si mojawapo. Kaseti halisi ya mchezo huu huhifadhi kumbukumbu zake katika chipu ndogo ya aina ya EEPROM isiyohitaji umeme ili kukumbuka, na ndiyo sababu kaseti za mwaka 1997 ambazo hazijaguswa kwa miaka mingi bado zina medali za wenyewe waliozicheza utotoni. Iwapo kaseti yako ya Blast Corps ina betri ndani, basi betri hiyo ni ushahidi dhidi ya aliyekuuzia, hata kama bado ina nguvu.

Kuhusu kuikagua, anza na lebo. Katika kaseti halisi kuna namba ya bidhaa inayoanza kwa NUS, ikifuatwa na herufi NBCE kwa toleo la Marekani au NBCP kwa toleo la Ulaya. Nimeona nakala ya muuzaji huyu iliyouzwa kama ya Ulaya huku lebo yake ikiwa na herufi za Marekani. Kwa mnunuzi wa Uingereza tofauti hiyo ni kubwa, kwa sababu kaseti halisi ya Marekani haifanyi kazi katika mashine ya Ulaya isiyobadilishwa, na iwapo imewaka katika mashine hiyo ni lazima ujiulize imewakaje. Tazameni pia uchapaji wenyewe, kwani lebo za kughushi huwa na maandishi madogo yaliyofifia ukingoni kama yaliyopigwa picha na kuchapwa upya, nazo hung'aa kupita kiasi.

Lebo, hata hivyo, inaweza kughushiwa vizuri zaidi kesho kuliko leo, na kwa hiyo ushahidi mkubwa uko ndani. Ganda la kaseti limefungwa kwa skrubu mbili za aina ya pekee zinazohitaji bisibisi ya milimita 3.8 yenye kichwa chenye tundu, ambayo inauzwa kwa bei ndogo. Ndani ya kaseti halisi utakuta mabamba ya chuma yaliyoufunika ubao wa saketi, na ukiyaondoa utaona ubao wenye jina la Nintendo na mwaka, pamoja na chipu kubwa iliyoandikwa NUS na herufi zilezile za lebo. Katika kaseti nilizozifungua za muuzaji huyu hapakuwa na mabamba wala jina. Palikuwa na ubao mpya wa kijani wenye chipu za kisasa za kuandikika, na viungo vilivyochomelewa kwa mkono usio na uangalifu. Kwa kukosa chuma hicho, kaseti bandia huwa nyepesi mkononi, na mtu mwenye kaseti nyingine halisi nyumbani anaweza kuhisi tofauti hiyo kabla hata ya kushika bisibisi.

Kwa hiyo, kabla ya kulipa, mwombeni muuzaji yeyote picha ya ubao wa ndani, na pembeni yake karatasi yenye tarehe ya siku hiyo iliyoandikwa kwa mkono. Muuzaji mwaminifu anayejua kaseti hizi hataona ajabu. Huyu ninayemzungumzia hujibu kwamba kuifungua kutashusha thamani yake, jambo ambalo si kweli, kwani skrubu hizo hufunguliwa na kufungwa bila kuacha dosari.

Anapobanwa na ushahidi, hugeuka mpole. Anakuomba radhi, anakuahidi nusu ya fedha kwa sharti kwamba ufunge malalamiko kwanza, au anakuambia urudishe kaseti kwa gharama yako katika anwani iliyo nje ya nchi. Kisha hukaa kimya siku kadhaa, hurejea na udhuru wa ugonjwa au msiba, na hukaa kimya tena. Anachokingoja ni muda wa kulalamika upite. Malalamiko yakishafungwa hayafunguliwi tena, kwa hiyo asiyafunge mtu yeyote kwa ahadi. Fedha iingie kwanza.

Walionunua hapa Uingereza wana sheria upande wao. Ukinunua kwa mfanyabiashara, sheria ya haki za walaji ya mwaka 2015 inakupa siku 30 za kukataa bidhaa isiyolingana na maelezo yake na kurudishiwa fedha yote. Aliyejitambulisha kama mtu binafsi anayepunguza vitu vya nyumbani naye anabanwa na maelezo aliyoyaandika mwenyewe, na neno halisi ni sehemu ya maelezo hayo. Tena, kuuza bidhaa zenye alama ya biashara ya kughushi ni kosa la jinai chini ya sheria ya mwaka 1994, na taarifa hupokelewa na huduma ya walaji ya Citizens Advice, ambayo huzifikisha kwa Trading Standards, yaani maofisa wanaosimamia uhalali wa biashara. Ndugu walioko Mombasa, Dar es Salaam au Muscat wanaomwagiza jamaa yao awanunulie na kuwabebea wajue kwamba siku hizo 30 haziwasubiri, kwa sababu huhesabiwa tangu kaseti inapomfikia huyo jamaa, si tangu mzigo unapofunguliwa nyumbani. Jamaa huyo aikague kabla hajaifunga kwenye begi.

Kwa yule anayetaka tu kuucheza mchezo na hana haja na kaseti, zipo njia halali. Blast Corps imo katika mkusanyiko wa Rare Replay uliotolewa mwaka 2015 kwa ajili ya Xbox One, na tangu Februari 2024 imo katika huduma ya kulipia ya Nintendo Switch, kwenye kifurushi chenye michezo ya Nintendo 64. Medali zako zitakaa.

Kwa walioshanunua kwa muuzaji anayefanana na huyu: msithibitishe kupokea mzigo na msitoe alama yoyote kwa sasa. Pigeni picha za lebo, nyuma ya ganda na ubao wa ndani, hifadhini tangazo lake kabla hajalifuta pamoja na mazungumzo yote, kisha fungueni malalamiko leo kupitia soko lenyewe au benki yenu. Kaseti msiiharibu wala kuitupa kwa hasira, kwa sababu soko linaweza kuitaka irudishwe, na maofisa watakaoshughulikia taarifa watahitaji kuiona.