Ofisi ya wakili niliyempa kesi yangu ya michango ya mfuko wa wafanyakazi: nyota mbili

Nianze na mazuri, maana yapo. Simu inapokelewa. Ukiambiwa saa nne, saa nne unaingia. Nyaraka zinaandikwa kwa lugha safi, na zuio la muda, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha madai kwanza, nililipata siku ya tatu tu tangu nifungue faili. Ningeandika haya wiki ile, wangepata nyota tano.

Nina karakana ya fanicha. Mkaguzi wa mfuko wa wafanyakazi alikuja, akaomba daftari la mahudhurio, akahesabu watu 37. Kwenye orodha yangu ya michango walikuwa 15. Ikaja tathmini: malimbikizo ya watu 22 kwa miaka mitatu, na juu yake adhabu ya kuchelewesha. Nikaweka pingamizi kule kule kwenye mfuko, wakaniita, wakanisikiliza, na nilipotoka nikawaandikia barua ya kuomba nilipe kwa awamu.

Nilipomwendea wakili kuipinga tathmini mahakamani, aliniuliza mengi, barua hakuiulizia, nami sikuitaja. Rasimu ya hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi ninayoyaapia kuwa ni kweli, ilipokuja, aya ya tisa ilisema sikupewa nafasi ya kusikilizwa. Nikamwambia, "Wakili, mbona waliniita?"

"Walikupa nakala ya mwenendo wa kikao?"

"Hapana."

"Basi, mzee, hukusikilizwa."

Nikacheka, nikaenda kuapa na kusaini. Sisemi alinilazimisha, nilijua ninachokisaini.

Zuio lilitolewa kwa kusikiliza upande wetu peke yake. Hapa ndipo ofisi hii inapopoteza nyota, kwa sababu hakuna aliyenieleza kwamba ukimwendea jaji mpinzani wako hayupo, unabeba wajibu wa kumwambia jaji hata yale yanayoiumiza kesi yako. Mfuko ulipoleta kiapo kinzani cha kujibu changu, kiambatanisho cha kwanza kilikuwa barua yangu, imegongwa muhuri wa kupokelewa. Jaji akaisoma, akaigeuza nyuma kana kwamba maelezo mengine yako huko, akauliza, "Saini hii ni ya nani?" Wakili wangu alikuwa anapekua faili. Nikasimama nikasema ni yangu.

Zuio likaondolewa siku hiyo hiyo, maombi yakatupwa na gharama za kesi zikawa juu yangu, na nikaonywa kwamba kiapo cha uongo ni kosa la jinai. Usingizi ulinipotea siku mbili.

Lakini kinachoniuma hadi leo ni kwamba hesabu ya mfuko ilikuwa na kasoro ya kweli. Watu sita walihesabiwa mara mbili. Msimamizi wangu wiki hii anaandika jina la kwenye kitambulisho, wiki ijayo anaandika lakabu. Fundi mmoja yumo kwa jina lake, halafu yumo tena kama "Randa". Sita kati ya 22! Hoja hiyo tuliiweka aya ya 17, na jaji hakufika huko. Alikataa kuigusa hesabu yote, akasema aliyeificha mahakama ukweli hawezi kuiomba imsaidie. Wakati huo adhabu ilikuwa imeendelea kupanda miezi yote ya zuio, kwa hiyo deni lilinirudia likiwa limenenepa.

Wakili mwingine niliyemwendea baadaye aliniambia jambo hili ni la kale. Mwaka 1917 mahakama ya Uingereza ilimkatalia Princess de Polignac, aliyekuwa anapinga kutathminiwa kodi ya mapato, kwa sababu kiapo chake hakikuweka wazi ukweli wote. Hoja zake zenyewe hawakuziingia kabisa. Mama huyo, kumbe, alikuwa binti wa Singer wa cherehani, na cherehani yangu ya kushonea vitambaa vya sofa ni Singer. Nilicheka kwa uchungu. Akanitajia na Mahakama ya Juu ya India, ambayo katika uamuzi wa 1993 ilisema anayejenga kesi juu ya uongo anaweza kutolewa nje hatua yoyote ile.

Je, nitarudi ofisi ile? Kwa mkataba wa pango au barua ya madai, ndiyo, na wewe nenda. Kwa kitu cha kuapia, beba barua zako zote, ile ya aibu ikiwa juu, umwekee mezani kabla hajaanza kuandika.

Vitambulisho vya wale sita nimeshavipeleka kwenye mfuko, nasubiri. Deni nalipa kwa awamu, kwa masharti yale yale niliyoyaomba kwenye barua.