Jino Linauma, Aiskrimu Iko Darasani

Habari zenu wapenzi watazamaji, karibuni tena. Leo nina filamu ya mwaka 1936, nyeusi na nyeupe, dakika 10 tu, na naipenda mno.

Inaitwa Bored of Education. Imo katika filamu fupi 220 za Our Gang, lile kundi la watoto watukutu lililoanzishwa na mtayarishaji Hal Roach huko Marekani mwaka 1922. Wengine mnawafahamu kwa jina la baadaye la kwenye televisheni, The Little Rascals.

Shule imefunguliwa. Spanky, kale kanene kenye mipango, na rafiki yake Alfalfa hawataki hata kuliona darasa. Basi wanabuni uongo: Alfalfa anaficha puto mdomoni, shavu linavimba, ionekane jino linamuuma. Mwalimu wao, Miss Lawrence, mpango wote keshausikia. Hafoki, hashiki fimbo. Anawaruhusu waende zao. Kumbe siku hiyo kaandaa aiskrimu kwa darasa zima!

Hapo sasa ndipo utamu ulipo. Jamaa waliohangaika kutoka, wanahangaika kurudi. Naombeni mtazame kwa makini Alfalfa anapoimba mbele ya wenzake. Kishungi cha nywele kimesimama utosini, uso umekazwa kama mwimbaji wa kwaya, na puto linamwingilia sauti kwa milio yake. Hachekicheki kutafuta sifa kwa mtazamaji. Anaimba kwa moyo wote, maana aiskrimu inayeyuka. Nilitazama na wapwa zangu wawili, Kiingereza chenyewe cha kuungaunga, hakuna wa kututafsiria, na kipande hicho tulikirudia mara nne.

Roach alikuwa akisimulia kwamba siku moja alichoshwa na mtoto aliyeletwa kwenye usaili, kakaririshwa kila kitu kama mtu mzima. Baadaye akachungulia dirishani, akaona watoto wakigombania vijiti vya mbao, akajikuta hawezi kubanduka. Ukitazama filamu hii unalielewa dirisha lile. Watoto wanabishana, wananong'ona na kununa vilevile kama wanavyofanya uani kwetu. Mwongozaji, Gordon Douglas, kawaacha wawe watoto. Ndiyo filamu pekee ya Our Gang iliyopata Oscar, mwaka 1937.

Wazazi, nisikilizeni hapa. Buckwheat, mtoto mweusi aliyeigizwa na Billie Thomas, yumo darasani pamoja na wenzake weupe, wakati ambapo majimbo ya kusini mwa Marekani yalitenganisha shule kwa sheria. Hilo lilikuwa jambo kubwa na linanigusa sana. Lakini zipo filamu nyingine za kundi hili zenye vichekesho vinavyomdhalilisha mtoto mweusi, na zinaumiza. Msiwaachie watoto mfululizo mzima peke yao. Kaeni nao, na kikitokea kipande cha namna hiyo simamisheni mzungumze.

Ukiitafuta, chukua nakala iliyosafishwa, ya nyeusi na nyeupe. Zilizotiwa rangi baadaye zinafanya nyuso zionekane zimepakwa poda, na hapa nyuso ndizo zinazochekesha. Sauti nayo iwe safi, la sivyo utaukosa mlio wa lile puto.