Duka la muvi la kichochoroni: kijana mzuri, mafolda yamevurugika, sabtaito ndo balaa

Haya jamani, hii ni rivyu ya duka moja la muvi huku Mombasa, nyuma ya Digo Road, jina siliweki manake kuna lawama ndani na yule kijana ni mtu wa watu, sitaki kumharibia riziki. Duka lenyewe upana wa meza mbili, feni inalia kama tuktuk bovu, unampa flashi unamtajia, bob 50 muvi moja, ukichukua nyingi anakupunguzia bila hata kuombwa.

Mie nilitumwa na baba. Tangu astaafu bandarini kila baada ya isha ni muvi za zamani, sasa siku hiyo anaangalia ile ya Bond ya 1979, Moonraker, kafika pale yule adui mwenye ndevu anamwambia mtu wake amshughulikie Bond, ahakikishe amepatwa na madhara kidogo, anasema kwa upole kabisa kama anaagiza chai. Baba akasema huyu simuachi, nenda kanitafutie zake zote. Zake zote! Huyo adui ni mwigizaji Michael Lonsdale, kazaliwa Paris 1931, baba Mwingereza mama Mfaransa, wakati wa vita kakulia Casablanca, kaanza muvi 1956 na hiyo ya kwanza ina jina la Aden ndani (hapo mzee alicheka mpaka akakohoa, manake babu yetu alishukia hapa na jahazi kutoka huko huko). Kaigiza karibu mpaka anakufa 2020, ana miaka 89. Zote zinaingia wapi kwa flashi ya jibi 16?

Basi nikafika dukani, "Nataka za Lonsdale." Kijana kaniangalia. "Anti, huyo ni staa?" Si staa, na hapo ndo shida ilipoanza, manake kompyuta yake kaipanga kwa majina ya mastaa. Tukakaa pale karibu saa nzima tunamchimbua mtu mmoja kwa mafolda ya wenzake. Folda ya Sean Connery, yumo, abate (mkuu wa watawa) kwenye The Name of the Rose. Folda ya Anthony Hopkins, yumo. Folda ya De Niro, Ronin ya 1998, yumo, ndo yule mzee wa visanamu vya samurai anayesimulia kile kisa cha ronin, samurai waliobaki bila bwana, kilichoipa muvi jina lake, dakika chache tu lakini ukimtoa hiyo muvi hata jina haina maana. Kijana mwenyewe ikabidi acheke, "Kumbe huyu nimemuuza miaka yote simjui."

Nzuri kuliko zote kwangu ni The Day of the Jackal, 1973. Lonsdale ni polisi, mfupi wa maneno, suti imechoka, anamsaka mtu aliyelipwa amuue rais De Gaulle wa Ufaransa. Kuna kikao cha wakubwa, anawawekea kanda ya simu, kumbe mmoja wao ndo siri zinatokea nyumbani kwake. Wakamuuliza ulijuaje simu ya kutega ni ya huyu? Akasema sikujua, nilizitega zenu zote. Halafu basi, hanyanyui sauti, hatabasamu. Baba aliirudisha hiyo mara tatu.

Sasa lawama. Des hommes et des dieux ya 2010, kisa cha kweli cha wale watawa saba waliotekwa Algeria 1996, Lonsdale ni mtawa daktari, mzee mwenye pumu anayetibu Waislamu wa kijijini. Hiyo ndo iliyompa César, tuzo kubwa ya muvi Ufaransa, ya mwigizaji msaidizi akiwa na miaka 79, yaani miaka 55 tangu aanze kazi! Na hiyo ndo sabtaito zake zimechelewa kama nusu dakika. Msichana wa kijijini amekaa naye kibarazani anamuuliza habari za mapenzi, mzee anamjibu taratibu, uso wake tu unakuambia, na chini kwa skrini yanapita maneno ya watu walioshaondoka zamani. Baba akasema zima hayo maandishi, namwelewa hivyo hivyo. Lakini pesa nimelipa jamani.

Nikairudisha kesho yake, kijana akanirekebishia bure na akaniomba radhi, na kumbe kashafungua folda mpya, kaandika LONZDEL. Nampa nyota tatu na nusu. Mkienda, fungueni muvi ya Kifaransa hapo hapo muangalie katikati, si mwanzo, manake mwanzo huwa sawa.

Bado namdai ile ya mwongozaji Mfaransa Truffaut ya 1968, Baisers volés, ambayo Lonsdale ni mwenye duka la viatu anaenda kukodi wapelelezi wamchunguzie kwa nini hapendwi na mtu. Kaniambia nirudi alhamisi.