Seti ya bendera 8 za mapinduzi ya Marekani: uzoefu wangu kama fundi

Mimi ni fundi cherehani. Kazi nilifundishwa Tanga, barazani kwa mama mdogo, tukishona sare za shule na mapazia. Sasa naishi Philadelphia, nafanya kazi kwenye duka la kurekebisha nguo. Kabla sijanunua seti hii nilisoma maoni ya wanunuzi wengine, na karibu wote waliandika jambo moja: imefika mapema. Hakuna aliyesema upindo ukoje, nyota zimekaaje, wala kama bendera zenyewe ni sahihi. Basi naandika kile nilichotamani kukisoma mimi.

Jumuiya yetu ya watu wa Afrika Mashariki ilitaka kupamba ukumbi kwa ajili ya Julai 4, 2026, miaka 250 tangu Azimio la Uhuru. Kwa kuwa mimi ndiye fundi, mapambo nikakabidhiwa. Nikapendekeza tusitundike bendera ya leo ya nyota 50 peke yake, tutundike na zile za mwanzo kabisa, za wakati vita vya uhuru dhidi ya Uingereza bado vinapiganwa, na Wamarekani wenyewe hawajakubaliana bendera yao iweje. Mji huu ndimo mambo mengi ya bendera hizo yalipotokea. Nikienda kununua uzi napita Arch Street, mbele ya nyumba ya Betsy Ross, fundi aliyeshona bendera enzi hizo. Nimelipenda jambo hili kwa miaka, na ndiyo maana nilikuwa tayari kutoa hela yangu.

Seti ilinigharimu dola 189 pamoja na usafiri. Bendera 8, kila moja futi 3 kwa 5, pete za shaba mbili za kupitishia kamba. Tangazo lilisema "zimeshonwa". Nilipofungua boksi nikakuta zilizoshonwa ni tatu tu, tano zimechapwa rangi juu ya poliesta nyembamba. Hilo ndilo la kwanza ulijue. Zile tatu ni kazi ya mtu anayejua: nailoni nzito, mishono 9 kwa inchi, upindo wa upande unaopigwa na upepo umekunjwa mara mbili na kushonwa mistari minne. Nilivuta kwa nguvu, uzi haukulegea.

Nianze na iliyoniuma, ambayo ni mojawapo ya hizo tatu nzuri. Wanaiita Grand Union. Ndiyo bendera ya kwanza iliyopeperushwa kwa niaba ya makoloni yote 13 kwa pamoja: mistari 13, myekundu na myeupe, na kwenye kona ya juu upande wa mlingoti imewekwa bendera ya Uingereza. John Paul Jones, wakati huo luteni, aliipandisha kwenye meli Alfred, Mto Delaware, hapa hapa Philadelphia, Desemba 3, 1775. Aliyeishona ni mwanamke wa mji huu, Margaret Manny, fundi wa kofia, na jina lake limebaki kwenye hesabu za meli. Nikiishika bendera hii namkumbuka yeye kabla ya maofisa.

Sasa tazama ile kona. Bendera ya Uingereza tunayoijua leo ina msalaba mwekundu uliosimama wa England, msalaba mweupe wa mshazari wa Scotland, na ndani ya ule mweupe umepita mwekundu mwembamba wa Ireland. Huu wa Ireland uliongezwa mwaka 1801. Bendera ya 1775 haiwezi kuwa nao. Yangu ilikuwa nao: vipande vinne vyembamba vyekundu, vimeshonwa kwa ustadi mahali visipostahili kuwepo. Ni kama kumchora Kinjekitile ameshika bendera ya Tanganyika. Na kosa hili limeenea mno. Tangu siku ile nimezitazama nakala nyingi madukani, na wengi wameshona hivyo hivyo. Ukitaka kumpima muuzaji kama anajua anachouza, muombe picha ya kona ya Grand Union. Ukiona wekundu wa mshazari, uliza zaidi kabla hujalipa.

Wageni wetu wengi waliniuliza, kwa nini watu wanaopigana na Mfalme waweke bendera ya Mfalme? Kwa sababu mwishoni mwa 1775 walikuwa hawajadai uhuru. Walikuwa wanadai haki zao kama raia wa Uingereza, na mistari 13 ilisema tuko pamoja katika madai hayo. Maana hiyo haikusomeka kwa kila mtu. Januari 1776 Jenerali George Washington, mkuu wa jeshi la makoloni, alipandisha bendera ya muungano kambini nje ya Boston, kisha akaandika kwenye barua kwamba askari wa Uingereza waliokuwa mjini waliidhani ni ishara ya kusalimu amri, maana hotuba ya Mfalme ilikuwa imeshawafikia na walitarajia itawatisha waasi. Bendera imepandishwa kuonyesha umoja, adui akaona unyonge. Nadhani hapo ndipo ilipoanza kueleweka kwamba nguo hii haifai.

Ya pili iliyoshonwa ni ya nyota 13 katika duara, ile watu wanayoiita ya Betsy Ross. Ushonaji wake ndio bora kuliko zote. Kila nyota imekatwa peke yake, ikapigwa bandi, kisha ikazungushiwa mshono wa zigizaga ulioshikana, na ncha zote tano zimetoka kali, hakuna uzi uliochomoza. Lakini nyota zimeshonwa pande mbili, mbele 13 na nyuma 13, kwa hiyo kona imekuwa nzito na inaning'inia. Mafundi wa zamani walikuwa na njia nyingine: unashona nyota upande mmoja, kisha unageuza kitambaa na kukata kile cha bluu kilichofunikwa, unakunja kingo na kuzishona, nyota ile ile moja ikaonekana mbele na nyuma. Bendera kubwa ya ngome ya McHenry, Baltimore, iliyoshonwa na Mary Pickersgill mwaka 1813, ilifanywa hivyo, na mmoja wa waliomsaidia ni Grace Wisher, msichana mweusi wa miaka 13. Njia hiyo inaokoa kitambaa na uzito, ila inataka mkono uliotulia.

Kikaratasi kilichokuja na bendera hii kimeandika kama habari ya uhakika kwamba Betsy Ross aliishona 1776 baada ya Washington kumtembelea dukani. Kinachojulikana ni hiki: Betsy alikuwa fundi wa samani na mapazia, na Mei 29, 1777 bodi ya jeshi la majini la Pennsylvania ilimlipa paundi 14, shilingi 12 na peni 2 kwa kushona bendera za meli. Hayo yameandikwa. Habari ya Washington ilitolewa hadharani na mjukuu wa Betsy, William Canby, mwaka 1870, karibu karne nzima baadaye, kutokana na masimulizi ya familia. Mimi sisemi familia ilidanganya. Nasema muuzaji anapaswa kuandika "inasimuliwa". Huyu mama ana malipo yaliyoandikwa kwa jina lake, na kwa fundi wa kike wa karne ya 18 hiyo ni heshima inayotosha.

Kuna jambo katika masimulizi hayo nililolijaribu mwenyewe: inasemekana aliwaonyesha wageni wake kwamba nyota ya ncha tano hukatwa kwa mkasi mara moja tu. Nilikaa mezani na mwanangu, tukakunja karatasi, tukakosea mara mbili, ya tatu nikapiga mkasi mmoja na nyota ikafunguka imekamilika. Alifurahi hadi akakata 13 zake.

Azimio la Bunge la Juni 14, 1777 ni fupi ajabu: mistari 13 myekundu na myeupe kwa kupokezana, na nyota 13 nyeupe kwenye uwanja wa bluu, kuwakilisha kundi jipya la nyota angani. Halikusema nyota zipangwe vipi wala ziwe na ncha ngapi. Kwa hiyo kila fundi alipanga alivyoona, kwa safu, kwa duara, kwa upinde. Francis Hopkinson, mmoja wa waliotia saini Azimio la Uhuru, alipeleka ankara mwaka 1780 akidai alipwe kwa ubunifu wa bendera, kwanza akiomba mvinyo, na hakulipwa, sababu mojawapo ikiwa kwamba hakuwa peke yake katika kazi hiyo.

Ya tatu iliyoshonwa ni ya Moultrie: bluu tupu na mwezi mweupe pembeni juu. Hii sina lawama nayo hata moja. Wazee wawili pale ukumbini waliuona mwezi wakaniuliza kama hao walikuwa Waislamu. Kanali William Moultrie mwenyewe ameeleza: askari wa South Carolina walivaa sare za bluu, na kofia zao zilikuwa na mwezi wa fedha mbele, akachukua rangi na alama hizo kutengeneza bendera. Juni 28, 1776 meli za Waingereza zilipoipiga ngome ya Sullivan, mlingoti ukavunjika bendera ikaanguka nje ya ukuta. Sajenti William Jasper akatoka chini ya mizinga akairudisha. Ukuta ulikuwa wa magogo ya miti ya jamii ya mnazi, laini, na risasi za mizinga zilizama ndani badala ya kuubomoa. Watu wa pwani walilielewa hilo bila kufafanuliwa.

Za kuchapwa nitazipitia haraka. Ile ya njano yenye nyoka aliyejikunja, ya Christopher Gadsden, imetoka vizuri, rangi imekolea. Chini imeandikwa "Usinikanyage" kwa Kiingereza, na mimi kila nikiiona naona kanga: picha katikati, jina chini, na anayelengwa anajijua. Ile ya msonobari yenye maneno ya kukata rufaa mbinguni, iliyopeperushwa na meli ndogo za Washington mwaka 1775, kijani chake kimefifia upande wa nyuma. Ya Bedford, mkono wenye deraya ukishika upanga kutoka mawinguni, haifai kununuliwa ya kuchapwa. Ile ya asili, inayohifadhiwa maktaba ya mji wa Bedford, Massachusetts, ni hariri nyekundu yenye maua ya kufumwa, na poliesta inaifanya ionekane kitambaa cha meza.

Ya Bennington, yenye namba 76 na upinde wa nyota za ncha saba, kikaratasi kinasema ilibebwa vitani Agosti 16, 1777. Ile ya asili iko makumbusho ya Bennington, Vermont, na waliochunguza uzi wake wa pamba wameona ni uzi uliosokotwa kwa mashine, wa karne ya 19. Uzi hauwezi kutangulia mashine iliyousokota. Itundike, ni nzuri, lakini usiwaambie watoto kwamba ilikuwa vitani.

Iliyonigusa zaidi ni ya nane, ya Rhode Island: nyeupe, nanga katikati, juu yake neno moja, Tumaini, na konani nyota 13. Ile ya asili imehifadhiwa jengo la serikali ya jimbo hilo. Februari 1778 Rhode Island ilipungukiwa askari, ikapitisha sheria kwamba mtumwa atakayejiandikisha na kukubaliwa jeshini anakuwa huru papo hapo, na bwana wake analipwa fidia. Baada ya miezi michache mlango huo ukafungwa. Waliowahi kuingia walisimama Agosti 29, 1778 dhidi ya askari wa Kijerumani waliokodiwa na Mfalme, wakawazuia. Kikaratasi cha bendera hii hakina hata mstari mmoja kuhusu watu hao. Wala seti haina bendera ya hariri ya Bucks of America, kikosi cha weusi wa Boston, yenye kulungu dume na msonobari, ambayo ipo hadi leo Massachusetts Historical Society. Nilimwandikia muuzaji kuhusu kasoro hii na ile ya kona, nikaambatanisha picha. Alijibu baada ya siku 11: wateja wanaipenda ilivyo, na angenirudishia dola 15. Nilizipokea.

Je, ningenunua tena? Seti nzima, hapana. Ningenunua moja moja: ya duara na ya Moultrie kwa macho yamefumba, Grand Union kwa kuona kona kwanza. Yangu nimeitengeneza mwenyewe, nimefumua vile vipande vyekundu kwa wembe, jioni mbili, na ukiiweka kwenye mwanga bado unaona vitundu vya sindano.

Ya Rhode Island nashona upya. Nimenunua pamba nyeupe yadi mbili, ile ya kuchapwa nimeitandaza chini iwe kielelezo, nanga nimeikata kwa kitambaa cha bluu na herufi nimeshazishona. Nyota nafanya kwa ile njia ya zamani, ya kukata nyuma. Zimebaki nne.