Nimejifunza kutengeneza gemu kwa Godot: rivyu ya mwenye banda la PS

Nina banda la gemu Kihonda, Morogoro. PS3 mbili, PS4 moja, televisheni tatu, mabenchi, na feni moja ambayo huwa nawageuzia wanaolipa. Mechi moja ya mpira ni mia tano. Naanza na hili ili ujue anayekuandikia si mtaalamu wa kompyuta. Hesabu kidato cha nne nilipata F na sijawahi kuificha. Mwaka jana nikaamua nijue gemu zinatengenezwaje, maana miaka saba nilikuwa nauza muda wa kuchezea kazi za watu. Natathmini hapa kitu nilichojifunzia: Godot, programu ya kutengenezea gemu, na masomo yake ya bure.

Mwanzoni nilipotea njia. Nililipa laki tatu kwenye darasa moja la Dar es Salaam, jina nalihifadhi. Jumamosi sita, basi la alfajiri kutoka Msamvu. Tulikuwa watu 22 na kompyuta tano. Mwalimu alikuwa mchangamfu, ana slaidi nyingi kuhusu ukubwa wa soko la gemu duniani. Programu yenyewe tuliifungua Jumamosi ya nne, na aliyeshika mausi hakuwa mimi. Ya sita tukapiga picha na vyeti. Changu nikakibandika bandani, juu ya televisheni ya katikati. Dogo mmoja akakisoma mpaka kwenye muhuri, akauliza, "Sasa hiyo gemu yako iko wapi tuicheze?" Nikamwambia atoe jero akae.

Aliyenipeleka kwenye Godot ni fundi anayenitengenezea pedi. Yeye alikuwa ameanza na Unity, programu nyingine ya kutengenezea gemu, ambayo ndiyo wengi huitaja kwanza. Septemba 2023 kampuni ya Unity ikatangaza kuwa itatoza watengenezaji kwa kila gemu inayosakinishwa ikishavuka kiwango fulani. Kelele zikawa nyingi, na Septemba 2024 wakaifuta ada hiyo kabisa. Fundi hakurudi. Godot chimbuko lake ni Argentina, kwa Juan Linietsky na Ariel Manzur, na mwaka 2014 iliachiwa huru kwa leseni ya MIT. Kwa mtu wa kawaida maana yake ni hii: unaipakua bure, unatengeneza, unauza, na hakuna atakayekuja kukudai asilimia.

Faili lake lilikuwa chini ya MB 100. Kwa sisi wa bando la wiki hilo si jambo dogo. Hakuna kusakinisha, unalitoa kwenye zipu, unalifungua, linawaka. Laptopu yangu ni ThinkPad ya mtumba yenye RAM ya GB 4, na kosa langu la kwanza lilikuwa kuacha mpangilio wa picha uliochaguliwa tayari, ule wa mashine zenye nguvu. Feni ikalia kama mashine ya kusaga. Unapoanzisha mradi mpya kuna sehemu ya kuchagua, chagua "Compatibility". Hiyo hutumia OpenGL, teknolojia ya zamani ya kuchora picha kwenye skrini, na mashine za mtumba zinaielewa.

Lugha ya kuandikia amri kwenye Godot inaitwa GDScript, na anayejua Python, lugha nyingine ya kompyuta, ataona undugu wao. Mimi sikujua hata hiyo Python. Kuandika amri vijana wanaita kukodi, na mama yangu mpaka leo anaamini kuna kitu nakodisha. Nilianzia kwa GDQuest, ambao wana mafunzo ya bure yaitwayo Learn GDScript From Zero. Yanafunguka kwenye kivinjari: unaandika mstari, unabonyeza, kobe anachora pembe nne upande wa pili. Ukikosea anachora mahali pengine. Nilimaliza kwa wiki tatu, usiku baada ya kufunga banda. Sina la kulalamika hapo ila Kiingereza, na nitarudi kwenye hilo.

Kisha nikaingia kwenye somo rasmi la Godot la gemu ya kwanza. Jina la gemu ni Dodge the Creeps: kijitu kiko katikati ya skrini, mazimwi yanakuja kutoka pembeni, kazi yako ni kuyakwepa, kila sekunde unayoishi ni pointi. Ni somo dogo lakini limepangwa na mtu anayejua kufundisha. Kila kitu kinajengwa kwa vipande viitwavyo nodi: picha ni nodi, mpaka wa kugongana ni nodi, saa inayohesabu ni nodi. Unazipanga kama sufuria jikoni, kisha unaziambia zipeane ishara. Zimwi likikugusa, nodi ya mchezaji inapiga kelele, na nodi kuu inasikia na kumaliza mchezo. Nilipoelewa hilo la ishara nilisimama nikatembea mpaka nje.

Nilikosea pia, tena sana. Somo linakuambia uchore njia kuzunguka skrini ambapo mazimwi yatazaliwa, na uichore kufuata mwendo wa saa. Mimi nilichora kinyume. Mazimwi yakawa yanatokea na kukimbilia nje, yananikimbia mimi. Nilitafuta kosa karibu saa nzima nikiamini nimeua programu. Onyo lilikuwa limeandikwa palepale kwenye somo. Nililiruka kwa sababu lilikuwa Kiingereza na macho yalikuwa yamechoka.

Somo lililonifurahisha kuliko yote ni la kwenda mshazari. Kasi ya mchezaji ni pikseli 400 kwa sekunde. Ukibonyeza kulia na chini kwa pamoja, 400 mbili zinaungana na kijitu kinakwenda karibu 566, kwa hiyo anayekimbia mshazari anakuwa amedanganya. Dawa yake ni amri moja, normalized, inayorudisha urefu wa mshale wa mwelekeo kuwa moja kabla ya kuuzidisha na kasi. Hiyo ni Pythagoras. Yuleyule niliyemkimbia kidato cha pili. Kama mwalimu wangu angenionyesha kijitu kinachoiba kasi, pengine nisingekuwa na F. Pengine.

Siku gemu ilipokamilika niliiweka kwenye televisheni ya katikati. Mpwa wangu wa darasa la sita akacheza mara mbili, akaweka pedi chini. "Mjomba, hii si rede tu?"

Nikakaa kimya. Ni rede kweli. Mmoja katikati, wawili pembeni wanarusha, wewe unakwepa. Kilichokosekana ni chupa. Kwenye rede anayekwepa anajaza mchanga kwenye chupa huku mpira unamkosakosa, na ndipo utamu ulipo, maana ukiinama kujaza huoni nyuma. Basi nikaanza kubomoa. Mazimwi nje, mpira mmoja ndani, warushaji wawili kushoto na kulia. Chupa nikaiweka katikati na saa yake: ukisimama karibu na kushika kitufe inajaa, lakini ukishika hutembei. Hapo ndipo Godot ilipoanza kunifundisha kwelikweli, kwa sababu sikuwa na mtu wa kunakili kwake. Ilinichukua miezi miwili kwa kitu ambacho mpwa wangu anakieleza kwa sentensi mbili.

Wapimaji nilikuwa nao benchini. Siku ya kwanza tu mvulana mmoja akagundua kuwa ukijibana kwenye kona ya juu mpira haukufikii. Akakaa kona dakika nne akila karanga. Nilirekebisha usiku uleule. Wasichana waliukataa mpira wangu kwa sababu haudundi, "mpira gani huo kama jiwe", nikaurekebisha tena. Wavulana walianza kwa kucheka kuwa ni mchezo wa kike, kisha wakapanga foleni. Darasa la Dar halikuwa na kitu kama hiki hata kidogo.

Sasa kasoro. Kubwa ni lugha. Masomo ya kina yote niliyosoma ni ya Kiingereza, tena cha kitaalamu, na mimi nilikuwa nasoma aya moja mara tatu. Uzuri ni kwamba kitabu chote cha maelezo unaweza kukipakua ukakisoma bila bando, na mimi nilikiweka kwenye simu nikawa nakisoma kwenye foleni ya benki. Lakini kijana mwenye kipaji asiyejua Kiingereza ataachia njiani. Sitaki kulipaka hilo rangi.

Ya pili ni matoleo. Godot 4 ilitoka Machi 2023 na ilibadilisha majina mengi. Video kibao mtandaoni bado ni za Godot 3. Mimi nilifuata moja usiku kucha nikitafuta nodi ya KinematicBody2D, kumbe siku hizi inaitwa CharacterBody2D. Kabla hujabonyeza video yoyote angalia namba ya toleo.

Ya tatu, hakuna anayekusahihisha. Gemu ikifanya kazi unadhani umeandika vizuri. Fundi wangu wa pedi aliifungua kazi yangu akakuta nimenakili mistari ileile mara tisa. Alicheka mpaka nikakasirika. Kama unataka walezi na wenzako wa darasa, Maliyo Games ya Lagos wana programu ya mafunzo kwa vijana wa Afrika iitwayo GameUp Africa. Itazame hiyo pia, usijifungie peke yako kama mimi.

Kuipeleka gemu kwenye simu ndiko kuliko na safari. Kwanza unapakua violezo vya kutolea gemu, vyangu vilikuwa karibu GB nzima, kisha JDK 17, kisha Android SDK, zote zana za kuandaa programu za simu. Andaa bando la mwezi. Ukitaka kuiweka Google Play kuna ada ya dola 25 mara moja, na akaunti mpya ya mtu binafsi inatakiwa kwanza iwe na wapimaji 12 kwa siku 14 mfululizo. Kumi na wawili ninao, ila nusu yao wanatumia simu za mama zao. Kwa hiyo nimetoa toleo la kivinjari nikaliweka itch.io, tovuti ya kuwekea gemu, ambako kupandisha ni bure. Tangu Godot 4.3 ya Agosti 2024 gemu za kivinjari zimekuwa rahisi kufunguka kwenye simu nyingi. Linki naituma WhatsApp, mtu anagusa, anacheza.

Je, ni ajira? Sitakudanganya. Hata huko kwa wakubwa watu wanapunguzwa. Januari 2024 Microsoft peke yake iliondoa wafanyakazi 1,900 wa upande wa gemu. Mimi nilichopata mpaka sasa ni kazi moja: mwenye shule ya awali hapa Kihonda ameniomba gemu ya kuhesabu maembe, tumekubaliana laki mbili, na amelipa nusu. Laki tatu za Dar hazijarudi bado.

Naipa nyota nne. Ya tano nimeishikilia mpaka Kiswahili kitakapoingia kwenye masomo.

Ukipita Kihonda, rede ni bure mpaka saa nane mchana. Mpira ni mia tano kama kawaida.