The Children of Húrin: kurasa 16 zilizoninyima daraja

Nyota moja. Ndivyo nilivyokusudia, na hasira bado haijapoa. Nakala yangu ya riwaya hii ya J.R.R. Tolkien ni ya jalada laini, inang'aa kama sahani mpya, lakini katikati fungu moja la karatasi limegandishwa mara mbili: kurasa 16 zinajirudia, na 16 zilizotakiwa kufuata hazimo. Na zilizopotea si zozote tu. Ndimo wanamofika wajumbe wawili, Gelmir na Arminas, kuonya kwamba daraja la Nargothrond, ngome iliyofichwa, libomolewe.

Nikamwonyesha muuzaji. Akacheka: "Kaka, kurasa 16 tu? Si kitabu chote kingine unacho?"

Tu!

Riwaya nyingine ningemezea. Hii ya Tolkien, iliyotolewa 2007 na mwanawe Christopher baada ya kuunganisha miswada ya baba, msiba wake ni mnyororo. Ukitoa pingili moja unabaki na vyuma. Nargothrond ilisalimika kwa kujificha. Túrin, mwana wa Húrin na mhusika mkuu, akaja, vita vya kuvizia vikamchosha, akashauri lijengwe daraja kubwa juu ya mto Narog ili jeshi litoke upesi. Anaonywa, anagoma. Joka Glaurung linapofika, daraja limejengwa imara mno, halibomoleki kwa haraka, na joka linavukia hapohapo. Bila lile onyo unaona joka lenye bahati. Ukilisoma, unatamani kumkaba Túrin koo, na papo hapo unamhurumia, kwa sababu kilichomponza ni ushujaa wake mwenyewe.

Kuna wanaolalamika kwamba ni giza la kulazimisha. Wasome kifo cha Beleg, polepole. Rafiki huyu anamkata Túrin pingu usiku. Upanga unateleza, unamchoma mguuni. Túrin anazinduka akidhani maorki, viumbe waovu waliomteka, wamerudi kumtesa, anaunyakua, anaua. Ndipo umeme wa radi unamulika na anauona uso wa Beleg. Laana ya Morgoth, bwana wa giza, ipo juu ya ukoo mzima, sawa, lakini mkono ni wa Túrin. Na upanga huo, ukishafuliwa upya, ndio atakaouendea siku yake ya mwisho.

Kasoro? Utangulizi. Majina yanakumwagikia kama mchele uliopasuka gunia. Uruke, anza sura ya kwanza, urudi baadaye. Weka kidole kwenye orodha ya majina iliyo nyuma, maana Túrin hubadili jina kila anapokimbia aibu. Nusu ya pili, Nienor, dada yake Túrin, akishapoteza kumbukumbu, inauma kiasi kwamba sijui kama "nimeipenda" ndilo neno.

Basi, nyota tano. Za kitabu, si za duka. Ukinunua, usilipe kabla ya kupitisha kidole gumba ukingoni ukitazama namba za kurasa peke yake. Zikirudi nyuma, rudisha. Hata akikucheka.