Mifano ya mbao ya vyombo vya doria kutoka karakana moja ya Bagamoyo

Kwa wiki sita sasa nimekaa na seti ya mifano mitatu ya vyombo vya doria, niliyoinunua kwa shilingi 120,000 katika karakana ndogo ya wachongaji iliyo karibu na soko la samaki la Bagamoyo. Kazi hii inastahili kuelezwa kwa haki, uzuri wake na kasoro yake.

Mfano wa kwanza ni merikebu ya ushuru ya Marekani. Mwaka 1790 Alexander Hamilton, aliyekuwa waziri wa fedha, aliidhinishiwa na bunge vyombo kumi vya kukamata magendo na kulinda mapato ya forodha. Jina la Walinzi wa Pwani, ambalo kikosi cha vyombo hivyo kinalitumia leo, lilikuja baadaye, mwaka 1915, kikosi hicho kilipounganishwa na kile cha uokoaji. Asili hiyo ya kiforodha haitamshangaza mtu wa huku, kwani hata KMKM ya Zanzibar, yaani Kikosi Maalum cha Kuzuia Magendo, imebeba neno magendo katika jina lake. Uchongaji ni safi: milingoti miwili imesimama wima, na kamba zake ni uzi wa nyavu uliosokotwa upya kwa mkono.

Wa pili ndio ulionifanya nitoe fedha. Ni mashua ya moshi, ndogo kuliko kiganja, ya aina iliyobebwa na HMS London, meli kuukuu ya Waingereza iliyotia nanga Unguja kuanzia mwaka 1874, mwaka mmoja baada ya Sultani Barghash kutia saini mkataba wa kupiga marufuku usafirishaji wa watumwa baharini. Meli yenyewe haikufukuza mtu. Majahazi ya watumwa yalipita kando ya miamba na kuingia vijito vya Pemba ambako meli kubwa ingepanda mwamba, kwa hiyo kazi yote ilifanywa na mashua zake. Kazi hiyo ilikuwa ya hatari: Desemba 1881 nahodha wa meli hiyo, Charles Brownrigg, aliuawa karibu na Pemba akiwa ndani ya mashua kama hii, alipokaribia jahazi lililopeperusha bendera ya Ufaransa. Mzee aliyeuchonga aliupindua mfano, akanionyesha mkuku wake mfupi, yaani uti wa chini wa chombo, kwa ncha ya patasi. "Tazama hapa, mwanangu," akaniambia, "chombo cha doria ni meli mama na mtoto wake. Mama hukaa kwenye kina, mtoto ndiye aingiaye majini madogo."

Maneno hayo ndiyo yaliyonifanya niukague kwa makini mfano wa tatu, meli ya Walinzi wa Pwani wa Marekani ya daraja la Sentinel, ambayo ya kwanza iliingia kazini mwaka 2012. Meli halisi ina urefu wa karibu mita 47 na mwendo wa noti 28, yaani maili 28 za baharini kwa saa, lakini ubora wake mkubwa uko tezi, nyuma ya meli, ambako kuna mteremko unaoiwezesha boti ya mpira yenye kitako kigumu kushushwa na kupandishwa bila winchi ya ubavuni, jambo linalookoa muda na kupunguza hatari mawimbi yanapokuwa makubwa. Omo, yaani sehemu ya mbele, na chumba cha usukani vimechongwa kwa uaminifu, na rangi imetulia vizuri. Hata hivyo, boti ndogo iliyouzwa pamoja na meli hiyo ilikuwa pana kuliko mteremko wenyewe, haikuingia hata nusu. Katika mfano wa chombo ambacho sifa yake yote ni mteremko huo, hilo si kosa dogo, nami sikuridhika na jibu la kijana wa mauzo kwamba wanunuzi wengi huiweka tu pembeni.

Niliirudisha. Mzee aliipima kwa vidole, akaomba radhi, akakaa nayo kwa msasa karibu nusu saa bila kudai nyongeza. Sasa inapanda na kushuka vizuri, ingawa rangi ya ubavuni imechubuka. Anayetaka seti hii aombe boti ijaribiwe kwenye mteremko kabla ya kulipa, na kama fedha yake inatosha mfano mmoja tu, achukue mashua ya moshi.